Neno moja kwenda maneno mawili: umhoji mtoto au umwongezee? Nimelinganisha njia tunazotumia majumbani

Mwanangu wa pili alipofikisha miezi 22 nilichukua daftari nikaandika kila neno analosema, yakafika 35 hivi, mama, baba, mai, nyonyo, gali, nyau, dudu, toka, bai na mengine, na yote anayatoa moja moja. Anasimama mbele ya ndoo anasema "mai". Akimwaga, "mai". Mvua ikianza kupiga kwenye bati, "mai". Neno lilelile linaomba, linashtaki, linashangaa, na mimi mama yake ndo namalizia kilichobaki kichwani mwangu.

Hapo ushauri ukaanza kumiminika. Bibi yake anasema muulize-ulize majina ya vitu, wifi anasema usimpe kitu mpaka aseme vizuri, jirani anasema mpeleke dei kea atachangamka, dada wa kazi anasema katuni za kwenye simu zinafundisha kuongea, na mwingine anasema mwache tu, watoto wa kiume wanachelewa. Karibu zote nimezijaribu, nyingine kwa huyu nyingine kwa dada yake aliyemtangulia, na nikasoma nilichoweza kusoma, kwa hiyo naziweka hapa mbilimbili mzazi mwenzangu uchague inayokufaa. Msimamo wangu nausema mapema: mtoto analipata neno la pili kwenye lile unalomwongezea juu ya lake, ukimdai utasubiri sana.

Kwanza tunapima nini

CDC, taasisi ya serikali ya Marekani ya kudhibiti magonjwa, kwenye mwongozo wake uliorekebishwa mwaka 2022 inasema mtoto wa miezi 24 awe anaunganisha walau maneno mawili, na wa miezi 30 awe na maneno kama 50 na aunganishe mawili au zaidi, moja likiwa la kitendo. Rula nzuri, ila imekatwa kwa Kiingereza. Kwetu neno moja "imeanguka" tayari limebeba kitu, muda na tendo, sentensi nzima hiyo, sasa mtoto akisema "meanguka" huku kanyoosha kidole kwenye kikombe utamhesabia moja au mbili? Mi namhesabia yuko njiani kabisa. Mwaka 2005 watafiti Jana Iverson na Susan Goldin-Meadow walitoa utafiti wa watoto 10 waliowafuatilia, wakakuta wale waliowahi kuunganisha neno na ishara inayosema kitu kingine, yani mdomo unasema "lala" na kidole kinaonyesha paka, ndo waliowahi pia kuunganisha maneno mawili. Kwa hiyo kile kidole usikidharau, ni nusu ya sentensi.

Na ukisikia "taka mai" usiseme hajui Kiswahili. Mtafiti wa lugha Kamil Ud Deen aliwarekodi watoto wa Nairobi wanaojifunza Kiswahili akaonyesha kwamba wadogo mara nyingi wanadondosha kile kiambishi cha mwanzo cha kitenzi, "nataka" inabaki "taka", na baadaye kinarudi chenyewe kadiri wanavyokua. Kule Kilifi, pwani ya Kenya, nako kuna watafiti, akiwemo Katherine Alcock, waliotengeneza orodha za kupimia maneno ya watoto kwa Kiswahili na kwa Kigiriama, na mzazi anaulizwa kwa mdomo badala ya kupewa fomu ajaze mwenyewe. Nimefurahi kujua hilo maana nilikuwa nadhani sisi tunapimwa kwa kopi ya wenzetu tu.

Kumhoji au kumwongezea

Hapa ndo penye mzigo wote, nitakaa sana. Chukua asubuhi moja, ndizi iko mezani, mtoto kaiona.

Njia ya kuhoji inakwenda hivi:

"Dizi."
"Hii nini?"
"Dizi."
"Sema ndizi. Sema nataka ndizi."
Kimya. Anaangalia mlangoni.
"Sema basi, nataka ndizi."
Analia, unampa.

Njia ya kuongezea, ndizi ileile:

"Dizi."
"Eeh, menya ndizi." Unaanza kumenya mbele yake, taratibu.
"Dizi."
"Mama anamenya ndizi. Menya, menya."
"Menya."
"Menya ndizi. Haya, kula ndizi."

Ukiangalia haraka unaweza kuona ni kitu kimoja, kote mama anaongea. Ila jiulize jibu sahihi la "hii nini" ni lipi. Ni neno moja, siku zote. Ukimuuliza mtoto mara 40 kwa siku "hii nini" unampa mazoezi mara 40 ya kujibu kwa neno moja, na hilo tayari analiweza! Halafu majibu yote ni majina ya vitu, ndizi, kiatu, paka, gari, wakati huwezi kujenga "mama menya" kama huna "menya". Nilirudi kwenye daftari langu nikaona katika yale maneno 35 vitenzi vilikuwa vitatu tu, toka, beba, na lete. Hapo ndo nikaelewa ninachomlisha.

Sisemi kuhoji hakuna kazi. Kwa mtoto mwenye maneno machache sana, saba nane, mchezo wa "pua iko wapi, sikio liko wapi" unamjengea kuelewa na anaufurahia, na kwa bibi ambaye anamwona mjukuu mara moja kwa mwezi ni njia nzuri ya kucheka naye. Dada yake nilimlea kwa kuhoji tupu na aliongea vizuri tu, ila yeye alikuwa mwongeaji toka mwanzo, angeongea hata nisingefanya lolote. Ila kwa mtoto aliyekwama kwenye neno moja moja, kuhoji kunamwacha palepale, na ukimsimamisha mbele za wageni "haya sema" ndo anafunga mdomo kabisa. Kama unapenda kuuliza basi badilisha swali, uliza "baba anafanya nini?", "kiatu cha nani?", "nani kaenda?", hayo jibu lake linaomba kitendo au mwenyewe.

Sasa kuongezea kuna namna zake na mi nilikosea wiki mbili za mwanzo. Mtoto akisema "dizi" mi nilikuwa nafurahi naanza, eeh ndizi mwanangu, ndizi hii tamu bibi katuletea juzi alivyokuja na lile basi la jioni. Anakodoa macho tu. Nyingi mno, hajui ashike wapi. Inatakiwa hatua moja mbele yake: yeye yuko kwenye moja, we nenda mbili, ukimpa sana tatu. Neno lake libaki, lako likae ubavuni.

Na neno gani unaongeza, hapo pia kuna kuchagua. Yapo maneno yanayofanya kazi nyingi kuliko mengine, mi nayaita maneno vibarua: tena, hamna, imeisha, yangu, ya baba, kubwa, huku, halafu vitenzi vya mikono, fungua, weka, lete, vaa, mwaga, funika. Rangi na namba ziache kwanza, "gari nyekundu" inapendeza lakini mtoto wa miezi 22 haitumii kuomba chochote. "Gari tena" anaitumia mara 15 kabla ya chakula cha mchana.

Hiyo "imeisha" ndo ilinifungulia mlango mimi. Kila kikombe kikikauka nasema, maji yameisha, uji umeisha, chakula kimeisha, ndizi imeisha, bila kumwambia arudie. Ona Kiswahili kinavyofanya hapo, mwanzo unabadilika kila mara, ya, u, ki, i, ila mkia ni uleule, meisha, meisha, meisha. Mtoto anashika mkia. Siku moja, kama wiki ya tano hivi, kasimama kwenye ndoo kageuza kikombe chini juu, hata tone halidondoki, akaniangalia akasema "mai mesha". Mai mesha! Nilikaa chini sakafuni pale pale nikamjibu "eeh, maji yameisha", sauti inatetemeka. Sikumwambia siyo mesha ni yameisha, na naomba na we usiseme hivyo, rudisha tu sentensi yake ikiwa kamili, sikio lake litachukua kilichobaki kwa muda wake.

Waturuki nao vitenzi vyao vinabeba vipande vingi kama vyetu, na mwaka 1996 watafiti Aylin Küntay na Dan Slobin walieleza walichokisikia kwa mama mmoja wa Kituruki anayeongea na mtoto wake: anasema jambo lilelile mara kadhaa mfululizo akibadilisha kidogo kidogo, anaongeza neno, anapunguza, anahamisha. Mama zetu wanafanya hivyo bila kufundishwa. "Fungua. Fungua mlango. Mlango unafunguka huo. Baba kafungua mlango." Kitu kimoja, nguo nne. Usione unajirudia ukanyamaza, kujirudia huko ndo kunamwonyesha mtoto wapi neno linaanza na wapi linaishia.

Swali moja linalonisumbua mpaka leo, akisema "taka mai" unamjibu "unataka maji" au "nataka maji"? Kwetu mtu amegandishwa kwenye kitenzi, ukisema "unataka" mtoto anaweza kukunakili akawa anaomba "unataka mai" akimaanisha yeye. Wako wanaosema sema kama yeye, "nataka maji", ili apate sentensi tayari kwa mdomo wake. Mi nachanganya: wakati wa kumpa nasema kwa sauti yake, "nataka maji", nikiwa nimeshika kikombe, halafu namjibu kama mimi, "haya, maji haya". Akikosea "una" na "na" kwa miezi kadhaa siyo tatizo.

Kusimulia unachofanya wewe au anachofanya yeye

Hapa nitapita haraka. Unaweza kusimulia kazi zako, naosha vyombo, naweka sufuria, nakata nyanya, au unaweza kusimulia za kwake, unapanda, umekaa, unasukuma gari. Zote nzuri kuliko kimya. Ya kwanza inafaa kwa mtu mwenye kazi nyingi maana haimsimamishi, unapika huku unaongea. Ya pili ina nguvu zaidi kwa sababu unataja kitu ambacho macho na akili ya mtoto tayari viko hapo, huhitaji kumvuta. Ukiwa na dakika 10 tu kwa siku chagua ya pili, kaa chini usawa wa uso wake, fuata anachoshika.

Kumnyima mpaka aseme au kumpa chaguo

Wifi yangu alinishauri kwa nia njema kabisa, mtoto anaelewa, anadeka, usimpe mpaka aseme "naomba maji". Nikajaribu wiki moja. Siku ya kwanza alilia. Siku ya tatu hakulia, alivuta kigoda akapanda mwenyewe kwenye ndoo, karibu atumbukie. Na nikagundua kitu kilichoniuma, alikuwa ameacha kuniita. Kabla ya hapo angalau alikuwa ananifuata jikoni anasema "mai", sasa hata lile moja kaliweka kando kwa sababu limemletea vita.

Chaguo ni tofauti kabisa. Unashika vitu viwili mkononi, "uji au ndizi?", unangoja. Akizoea unapandisha, "uji wa moto au uji wa baridi?", "vaa kiatu au vaa ndala?", "mama abebe au baba abebe?". Jibu lolote ni sahihi, hakuna kufeli, na maneno mawili tayari umeyaweka hewani anachukua tu. Watoto wa umri huu wanapenda kurudia la mwisho kwenye orodha, kwa hiyo ukiona kila mara anachagua la mwisho geuza mpangilio ujue kama anachagua kweli au anarudia sauti.

Ipo na njia ya katikati ambayo siyo kunyima. Biskuti ziweke kwenye kopo la mfuniko mgumu, mpe kopo lote mkononi. Kitu ni chake, kipo hapo, ila anahitaji msaada wako. Atakuletea. We sema "fungua?" halafu ngoja, hesabu kimyakimya mpaka 5, hata 10. Kumi ni ndefu jamani, sisi tumezoea kujibu kabla mtu hajamaliza, ila mtoto anatafuta neno, analipanga mdomoni, na sisi tunamkatiza akiwa ndo analifikia. Akisema "fua", umeshapata, fungua hapo hapo na useme "fungua kopo". Asiposema fungua vile vile. Ukimkazia unarudi kwenye vita ya maji.

Kitabu au simu

Najua simu inatupumzisha, sitamlaumu mama aliyetoka kazini saa 1 usiku akampa mtoto simu apike ugali. Ila kwenye suala la kuongea tusidanganyane. Shirika la Afya Duniani, WHO, mwaka 2019 lilitoa mwongozo kwamba chini ya miaka 2 muda wa kukaa mbele ya skrini haushauriwi, na wa miaka 2 usizidi saa 1 kwa siku, ukiwa mfupi zaidi ndo vizuri. Na kuna jaribio la mtafiti Patricia Kuhl na wenzake la mwaka 2003 ambalo silisahau, watoto wa miezi 9 wa Kimarekani waliosikilizishwa Kichina kwa vipindi 12, wengine na mtu mwenyewe amekaa nao anacheza nao, wengine vilevile ila kwa video. Waliokaa na mtu walishika sauti za Kichina, wa video hawakushika. Video haimsubiri. Mtoto akisema "nyau" katuni inaendelea na wimbo wake, haigeuki kumwambia "nyau kalala".

Kitabu cha picha kinashinda, ila siyo kwa kusomewa mfululizo huku kakaa kimya. Mwaka 1988 mtafiti Grover Whitehurst na wenzake waliwafundisha wazazi wa watoto wa miezi 21 mpaka 35 kusoma kwa kuongea na mtoto, kuuliza maswali yaliyo wazi, kurudisha alichosema na kuongezea, na ndani ya mwezi mmoja watoto wale wakawa na sentensi ndefu na mafungu mengi ya maneno kuliko wa wazazi waliosoma kama kawaida. Ni ileile kuongezea, imehamia kwenye kitabu.

Huna kitabu? Mi nyumbani nilikuwa navyo viwili tu na kimoja kimechanika. Kilichofanya kazi kuliko vyote ni picha za kwenye simu yangu mwenyewe, nimezima data, tunapitisha moja moja, mimi nimeshika. "Bibi." "Bibi kakaa." "Baba." "Baba anaendesha." "Dudu!" "Dudu kubwa!" Kanga pia, ile ya mikorosho, tunaitandika kitandani tunatafuta korosho, hii hapa, tena, tena. Kwa hiyo simu kama albamu, ndiyo. Simu kama mlezi, hapana.

Lugha moja au mbili

Bibi yake anamsemesha Kipare, sisi Kiswahili, na kuna mtu alituambia tuache Kipare kwa sababu kinamchanganya mtoto ndo maana haongei. Tukaacha miezi miwili, bibi akawa anaongea na mjukuu wake kwa Kiswahili cha kujilazimisha, maneno machache, hana zile stori zake wala nyimbo zake. Najuta. Lugha mbili hazimcheleweshi mtoto kuongea, kinachotakiwa ni kuhesabu maneno ya lugha zote pamoja, na mtoto akisema la kwanza kwa Kiswahili la pili kwa Kipare hiyo ni sentensi ya maneno mawili halali. Ongea naye lugha unayoijua mpaka ndani, na hapa nawagusa pia wanaomsemesha mtoto Kiingereza cha kuunga unga ili awahi shule. Mtoto anahitaji mtu mwenye maneno mengi, na maneno yako mengi yapo kwenye lugha yako.

Anayekaa naye mchana

Tunaongea kana kwamba mama yuko nyumbani siku nzima. Wengi tunatoka saa 12 asubuhi, anayeongea na mtoto ni dada. Kati ya dada na dei kea, kwa mtoto wa chini ya miaka 2 na nusu aliyekwama kwenye neno moja, mi nachagua dada aliyeelekezwa. Dei kea inategemea sana, ukikuta walezi wanatosha na wanaongea na watoto, vizuri, lakini niliyoitembelea mimi ilikuwa na watoto wengi kwa walezi wawili na televisheni imewashwa ukutani. Wenzake wa umri uleule nao wana neno moja moja, nani amwongezee mwenzake?

Dada wa kwetu nilimwelekeza kwa mambo mawili tu, nikaona zaidi ya hapo atachoka. Mtoto akisema neno, lirudie na uongeze moja. Na ukimpa kitu chochote, taja unachofanya, nakuvisha, nakumwagia, nafunika. Nikamwambia hapana haja ya kumfundisha kusema, aongee naye kama anavyoongea na mdogo wake kijijini. Baada ya siku chache nikamsikia anamwogesha, "mguu huu, leta mguu, mguu wa pili, leta", na mtoto ndani ya beseni anajibu "leta guu". Ile "leta guu" ni ya dada, siyo yangu, na nilimwambia hivyo.

Kusubiri au kwenda kupimwa

Ni kweli watoto wengi wanaochelewa kuongea wakiwa na miaka 2 wanakuja kufikia wenzao wenyewe. Ni kweli pia watoto wa kiume kwa wastani wako nyuma kidogo ya wa kike. Ila hicho "kidogo" ni kidogo kweli, hakiwezi kueleza mtoto wa miaka 2 na nusu asiyeunganisha maneno. Mi nilienda kituo kimoja cha afya na huyu wangu, aliyenihudumia hakumwangalia hata usoni, akasema mama wa kiume hao, rudi akifika miaka 3. Nilitoka pale nimetulia na nimekasirika kwa pamoja. Kwa bahati wangu alisogea. Rafiki yangu aliambiwa maneno hayohayo na wake alikuwa na maji nyuma ya ngoma ya sikio, alikuwa anasikia kama mtu aliyezama kwenye bwawa, na hakuna kuongezea maneno kutakakosaidia sikio lisilosikia.

Kwa hiyo unaweza kusubiri, huku ukiendelea kumwongezea, kama mtoto ana miezi chini ya 24, anaelewa ukimwambia "lete kiatu" bila kuonyesha kwa mkono, ananyoosha kidole, anakuangalia usoni, anaigiza anayoyaona, na kila mwezi kuna neno jipya hata moja mawili. Usisubiri kama amefika miezi 24 hana maneno mawili pamoja wala ishara na neno, kama hanyooshi kidole kufikia miezi 18, kama haitiki jina lake, kama haelewi maagizo madogo, na zaidi ya yote kama alikuwa na maneno akayapoteza. Hilo la kupoteza maneno halina umri, nenda wiki hiyo hiyo.

Anza na masikio. Omba rufaa kitengo cha masikio, pua na koo, sema wazi unataka apimwe usikivu, usikubali kuishia kwenye kupigiwa makofi nyuma ya kichwa chake. Wataalamu wa kuongea ni wachache na wako zaidi mijini, foleni yake ndefu, ndo maana kuingia mapema kwenye foleni ni bora, ukifika zamu yako mtoto ameshaongea utarudi nyumbani kwa furaha, hujapoteza kitu.

Na ukienda usiende mikono mitupu. Watoto wengi wakiona koti jeupe wananyamaza kimya, halafu dokta anaandika "haongei". Beba lile daftari, maneno yote ya lugha zote, yameandikwa vile anavyoyatamka yeye, mai, fua, mesha, na pembeni anamaanisha nini. Mrekodi nyumbani kwa simu dakika 2 akicheza na mtu aliyemzoea, moja wakati wa kula na moja wakati wa kuoga, bila kumwambia sema. Mpeleke dada pia kama inawezekana, maana kwenye maswali mengi ya "huwa anafanyaje mchana" yeye ndo mwenye majibu.